Kuhamishia gemu kwenye SSD bila kuzipakua upya

Gemu ya GB 100 ukiipakua kwa intaneti ya Mbps 10 inachukua saa 22 hivi, na hapo ni kama kasi haijashuka hata mara moja. Gemu hiyo hiyo ukiihamisha kutoka HDD (diski ya zamani yenye sahani zinazozunguka) kwenda SSD (diski ya chipu, isiyo na kitu kinachozunguka) ndani ya kompyuta moja, mara nyingi inachukua kati ya dakika 15 na 40. Kwa anayenunua bando kwa GB, hiyo ni tofauti ya pesa kabla hata hujahesabu muda. Kwa hiyo ushauri wa "futa, halafu pakua upya" uwe wa mwisho kabisa, baada ya njia nyingine zote kushindikana.

Kuhamisha ni kazi nyepesi ukiiachia programu iliyosimika gemu. Ugumu unaanza ukikata folda kwa mkono na kuibandika kwingine. Steam, Epic, Xbox na programu nyingine za maduka ya gemu, kila moja ina kumbukumbu yake ya mahali gemu ilipo. Ukizihamisha faili bila kumbukumbu hiyo kubadilishwa, gemu itaonekana haipo ingawa faili zote ziko salama, na programu itakuomba uipakue tangu mwanzo.

Pima kabla ya kununua

Zima kompyuta na uiwashe upya kwanza. Windows huweka kwenye RAM faili zilizosomwa karibuni, hivyo gemu uliyoifungua muda si mrefu itapakia haraka hata ikiwa kwenye HDD, na kipimo chako kitakudanganya. Ikishawaka, bonyeza Ctrl+Shift+Esc kufungua Task Manager, ingia "Performance", chagua diski yenye gemu. Fungua gemu, ingia pale ulipoishia kucheza, na skrini ya kupakia ikiwa bado mbele yako rudi kwenye dirisha lile kwa Alt+Tab.

Ukikuta "Active time" imegota kwenye 100% huku kasi ya kusoma ikiwa MB 3 au 10 tu kwa sekunde, jibu umelipata. Kichwa cha HDD kinahangaika kutafuta vipande vidogo vilivyotawanyika kwenye sahani. Kila mruko unakula milisekunde 10 hadi 15 hivi, wakati SSD inajibu kwa takriban milisekunde 0.1. HDD ya mizunguko 7,200 inaweza kabisa kusoma MB 150 kwa sekunde ikipewa faili moja kubwa iliyonyooka, ila gemu hazisomi hivyo. Zinaomba maelfu ya vitu vidogo kutoka huku na kule.

Ukikuta diski imetulia kwenye 20% na CPU (prosesa) ndiyo imejaa, SSD itakusaidia kidogo sana, na pesa hiyo ingefaa zaidi kwenye RAM au prosesa. Vilevile kwenye gemu za mtandaoni, wakati mwingine kinachosubiriwa ni mchezaji mwingine ambaye mashine yake haijamaliza kupakia, na hapo diski yako haina la kufanya.

Jambo la kuelewa mapema: SSD haiongezi fremu kwa sekunde. Inachopunguza ni muda wa kupakia, kule kukwama kwa ghafla unapoendesha gari kwa kasi katikati ya mji, na kuta zinazobaki na ukungu sekunde kadhaa kabla picha zake kamili hazijafika. Kwa hiyo gemu za kwanza kuhamishwa ni zile za dunia pana zinazosoma diski muda wote unapocheza. Cyberpunk 2077 tangu toleo la 2.0 la Septemba 2023 inataja SSD kwenye mahitaji ya chini kabisa, na Starfield ya mwaka huo huo nayo hivyo hivyo. Gemu ndogo za pande mbili, za karata, au za zamani zenye GB 2, ziache kwenye HDD bila wasiwasi. Ukizijaza kwenye SSD unajinyima nafasi tu.

Je, SATA au NVMe? Hizo ni njia mbili za SSD kuongea na kompyuta: SATA ni ya zamani, NVMe ni mpya na hupita kwenye njia ya haraka iitwayo PCIe. SSD ya SATA inafika kama MB 550 kwa sekunde, NVMe ya PCIe 3.0 kama MB 3,500, na ya PCIe 4.0 inafika MB 7,000. Namba hizo zinavutia dukani, lakini kwa gemu nyingi tofauti kati ya SATA na NVMe ni sekunde chache. Kuruka kutoka HDD kwenda SSD yoyote ndiko utakakokuhisi kweli. Gemu zinazotumia DirectStorage (teknolojia ya Microsoft ya kusoma data za gemu haraka kutoka kwenye diski), kuanzia Forspoken ya Januari 2023, ndizo zilizotengenezwa kufaidi NVMe, na bado ni chache. Kama ubao mama wako una nafasi ya NVMe na bei zimekaribiana, chukua NVMe. Kama hauna, usibadilishe kompyuta kwa sababu hiyo.

Kifaa na mahali pa kukiweka

SSD nyembamba ya M.2 yenye ukubwa wa 2280, yaani upana wa milimita 22 na urefu wa 80, inaweza kuwa ya SATA au ya NVMe, na kwa macho zinafanana sana. Soma maelezo ya ubao mama wako uone nafasi yake inakubali ipi. Soma pia kama nafasi hiyo ikitumika inazima baadhi ya tundu za SATA. Watu wengi hufunga M.2, HDD ikapotea ghafla, wakadhani imekufa, kumbe tatizo ni tundu tu. Ukihamishia kebo tundu lingine inarudi.

Kompyuta za mezani zilizotoka maofisini, zile zinazouzwa mtumba kwa wingi, mara nyingi hazina nafasi ya M.2. Kadi ndogo ya kuchomeka kwenye PCIe inatosha. Kwa kuwa hii ni diski ya gemu tu na Windows haiwaki kutoka humo, huhitaji BIOS (programu ya ubao mama inayowasha kompyuta) inayojua NVMe. Windows 10 na 11 zinaitambua zenyewe zikishawaka.

Kwa laptop ya zamani yenye sehemu ya DVD, kuna fremu za kuweka diski mahali pa DVD, za unene wa milimita 9.5 au 12.7, kwa hiyo pima kabla ya kununua. Hapa watu hukosea mpangilio. SSD iwekwe kwenye nafasi kuu ya diski, na HDD ndiyo ihamie kwenye fremu ya DVD, kwa sababu kwenye laptop nyingi tundu la DVD ni la polepole zaidi.

Kwa SSD ya nje, angalia tundu la USB. USB 2.0 inakwama kwenye MB 35 hadi 40 kwa sekunde hata ukichomeka SSD ya bei gani. Tumia USB 3.0, ambayo mara nyingi ina rangi ya buluu ndani, na usitumie kebo ndefu isiyojulikana ilikotoka. Ukishaichomeka, ipe herufi ya kudumu kama G, maana ikibadilika leo G kesho F, gemu zote zitaonekana zimetoweka.

Kufunga M.2: chomoa umeme kabisa, gusa chuma cha kasha ili kuondoa umeme tuli mwilini, ingiza SSD ikiwa imeinama kama nyuzi 30, ilaze taratibu, kaza skrubu hadi ishike, basi. Skrubu hiyo ni ndogo mno, kichwa chake huliwa haraka.

SSD ikiwa imenunuliwa bei ya kutupa, ijaribu kabla ya kuiamini. Zipo zinazojitangaza TB 2 huku ndani mna GB 64; zinapokea faili zako vizuri, zikijaa zinaanza kuandika juu ya zile za mwanzo, na Windows haikuambii kitu. Programu ya H2testw inaandika faili za majaribio hadi diski ijae kisha inazisoma zote tena. Inachukua saa kadhaa kwa diski kubwa. Zivumilie.

Kuiandaa

Bonyeza Windows+X, fungua "Disk Management". Diski mpya itaomba kuanzishwa, chagua GPT. Kisha bonyeza kulia kwenye sehemu nyeusi, "New Simple Volume", NTFS, na ukubwa wa kizio ("Allocation unit size") uache kama ulivyo. Diski ya TB 1 itaonekana kama GB 931, na hapo hujapunjwa: mtengenezaji anahesabu kwa elfu, Windows kwa 1,024.

Usichague FAT32, haikubali faili inayofika GB 4, na gemu za sasa zina faili moja moja za GB 10 na zaidi. exFAT inakubali faili kubwa, lakini haina kumbukumbu ya kujirekebisha umeme ukikatika katikati ya kuandika. Kwa mahali ambapo umeme hukatika bila taarifa, sababu hiyo moja inatosha kuchagua NTFS.

Steam

Fungua "Settings", kisha "Storage". Juu kuna jina la diski ya sasa. Libonyeze, chagua "Add Drive", onyesha diski mpya. Steam itatengeneza folda ya SteamLibrary humo. Rudi kwenye orodha ya diski ya zamani, weka alama kwenye gemu unazotaka, bonyeza "Move", chagua diski mpya. Kwa gemu moja moja kuna njia nyingine: bonyeza kulia kwenye jina lake, "Properties", "Installed Files", "Move install folder".

Kabla ya hapo simamisha upakuaji wowote. Usicheze gemu nyingine iliyo kwenye HDD ile ile wakati kazi inaendelea, kwa sababu kichwa cha diski kitagawana kazi mbili na kasi itaporomoka. Kwenye laptop, hakikisha betri imejaa na mashine haitalala. Kwenye kompyuta ya mezani, UPS ndogo inayokupa hata dakika 10 ni kinga nzuri.

Kazi ikiisha, ingia tena "Installed Files" na ubonyeze "Verify integrity of game files". Steam italinganisha kila faili na orodha yake na kupakua zile tu zenye kasoro. Kukiwa na mbili tatu zilizoharibika utatumia MB chache badala ya GB 100.

Ikiwa "Move" inagoma, fanya kwa mkono kwa utaratibu huu. Funga Steam kabisa kwa "Exit", si kwa alama ya X. Ndani ya folda ya steamapps kuna faili zinazoanza na appmanifest, zikifuatwa na namba ya gemu: Dota 2 ni appmanifest_570.acf, Counter-Strike 2 ni appmanifest_730.acf. Ifungue kwa Notepad utafute neno installdir. Hilo ndilo jina la folda ya gemu ndani ya common. Nakili folda hiyo kwenda steamapps\common ya diski mpya, nakili na faili ya acf kwenda steamapps mpya, halafu hamisha ile acf ya zamani nje ya maktaba. Hatua hii ya mwisho ndiyo inayosahaulika sana. Acf mbili za gemu moja zikiwepo kwenye maktaba mbili, huna uhakika Steam itashika ipi. Kama gemu ina vitu vya Workshop (nyongeza za wachezaji zinazopatikana ndani ya Steam), nakili pia folda yenye namba yake ndani ya workshop\content pamoja na faili ya appworkshop yenye namba hiyo.

Kwa kunakili, robocopy, amri ya Windows inayoandikwa kwenye Command Prompt, inashinda kuburuta folda kwa kipanya:

robocopy "D:\SteamLibrary\steamapps\common\JinaLaGemu" "E:\SteamLibrary\steamapps\common\JinaLaGemu" /E /R:2 /W:2 /XJ

Hizo /R:2 na /W:2 si pambo. Bila kuziweka, robocopy ikikutana na faili isiyosomeka itajaribu tena mara milioni moja, ikisubiri sekunde 30 kila mara. Na usiongeze /MT unapotoka kwenye HDD. Kusoma faili nyingi kwa pamoja kunakirusha kichwa huku na huko na kazi inakuwa ya polepole zaidi. Umeme ukikatika katikati, rudia amri ile ile, itaruka zilizokwisha kufika.

Epic, Xbox na wengine

Kwenye Epic, bonyeza nukta tatu za gemu na uingie "Manage". Kama kuna kitufe cha kuhamisha, kitumie. Kama hakipo au kimegoma, kuna njia ya zamani inayofanya kazi. Nakili folda ya gemu mahali pa pembeni, ikiwa pamoja na folda iliyofichwa ya .egstore iliyo ndani yake. Ondoa gemu kupitia Epic. Anza kuisimika upya ukichagua diski mpya, subiri ifike asilimia 2 au 3, isimamishe na ufunge programu. Mimina nakala yako ndani ya folda mpya, ukubali kubadilisha zilizopo, fungua Epic, endelea. Itaanza kukagua badala ya kupakua. Usiiondoe gemu kabla hujathibitisha nakala imekamilika: linganisha ukubwa na idadi ya faili kwa "Properties" za folda zote mbili.

Gemu za Xbox na Microsoft Store usizinakili kwa mkono hata kidogo. Ruhusa za faili zake zimefungwa na Windows, na ukilazimisha umiliki wa folda ya WindowsApps unaweza kuharibu programu nyingine zilizomo. Tumia programu ya Xbox yenyewe kubadilisha diski, au "Settings", "Apps", "Installed apps", nukta tatu, "Move".

Battle.net ni rahisi: funga programu, hamisha folda, fungua, kisha kwenye ukurasa wa gemu tumia kiungo cha "Locate". Gemu za GOG hazina kufuli la leseni, nyingi zitafunguka popote utakapoziweka.

Kama diski nzima ni ya gemu

Ukiwa na D iliyojaa gemu za maduka manne tofauti na SSD yenye nafasi ya kutosha, kuna njia ninayoipenda kuliko zote. Hamisha kwanza gemu za Xbox kwa njia yake. Kisha funga maduka yote, nakili D nzima kwenda E kwa robocopy, ukiongeza /XD "System Volume Information" "$RECYCLE.BIN" ili folda hizo za Windows ziachwe. Ikikamilika, ingia "Disk Management": D ya zamani ipe herufi Z, halafu E iwe D. Njia za faili zimebaki zile zile, kwa hiyo Steam, Epic, njia za mkato na sajili ya Windows hazihitaji kuambiwa lolote. Windows ikikataa kubadilisha herufi, angalia kama pagefile (faili ambayo Windows huitumia kuisaidia RAM) imewekwa kwenye D. Ihamishie C kwanza, washa upya, jaribu tena.

Modi na michezo iliyohifadhiwa

Gemu nyingi huhifadhi maendeleo yako kwenye C: ndani ya Documents\My Games, Saved Games, au AppData. Kuhamisha gemu hakuzigusi. Za zamani ndizo za kuangalia, maana baadhi huhifadhi ndani ya folda yao yenyewe, na hapo "ondoa, simika upya" inaweza kufuta miezi ya kucheza. Nakili kwanza, hata kama una uhakika.

Modi, yaani nyongeza za gemu zinazotengenezwa na wachezaji, zina matatizo yake. Vortex, programu ya kusimamia modi, kwa kawaida huunganisha modi na gemu kwa viungo vya faili ambavyo lazima viwe kwenye diski moja. Ukihamisha Skyrim kwenda E na folda ya maandalizi ya Vortex ("staging folder", inamokaa modi zako) ikabaki D, modi hazitaingia. Bonyeza "Purge" kwanza ili modi zitolewe kwenye gemu, hamisha gemu, mwonyeshe Vortex mahali papya, hamishia folda ya maandalizi diski hiyo hiyo, kisha "Deploy" kuzirudisha. Kumbuka pia kwamba kukagua faili kwenye Steam kunarudisha zile za asili, kwa hiyo kagua kabla ya kuweka modi, si baada. Kwa Euro Truck Simulator 2, modi zako kwa kawaida ziko Documents, na zinaweza kuwa GB nyingi kwenye C bila wewe kujua.

Inapogoma

Ujumbe wa kushindwa kuandika mara nyingi unatokana na antivairasi inayoshikilia faili, gemu iliyobaki wazi nyuma ya pazia, au nafasi isiyotosha. Zima ulinzi wa folda wa Windows kwa muda wa kazi tu, angalia Task Manager, jaribu tena. Steam inaandika chanzo halisi kwenye logs\content_log.txt, mistari ya mwisho kabisa.

Ujumbe wa kushindwa kusoma ni mzito zaidi. Fungua CrystalDiskInfo uangalie HDD ya zamani: mstari 05 ni sekta zilizobadilishwa, C5 ni zinazosubiri hukumu, C6 ni zisizosomeka. C5 ikiwa juu ya sifuri na inapanda, diski inakufa. Usianze na chkdsk /r, amri ya Windows ya kukagua diski nzima, inaichosha zaidi. Nakili kwanza picha, kazi za shule, michezo uliyohifadhi, kila kisichopakulika tena. Gemu zije mwisho.

Kasi ikianza juu halafu ikashuka hadi MB 80 kwa sekunde baada ya makumi ya GB, na chanzo si HDD, hiyo ni SSD ya bei nafuu ya QLC (aina ya chipu inayobana data nyingi mahali padogo) iliyojaza sehemu yake ya kuandikia haraka. Haijaharibika. Iache ipumzike dakika chache kisha endelea, na usiijaze zaidi ya 85% hivi, kwa sababu sehemu hiyo ya haraka hupungua kadiri diski inavyojaa.

Mara ya kwanza kufungua gemu baada ya kuhamisha inaweza kuwa nzito, hasa ikiwa inaandaa upya sheda ("shaders", programu ndogo za kuchora picha). Pima mara ya pili, baada ya kuwasha upya kompyuta, kwa Task Manager ile ile uliyoanza nayo. Nakala ya zamani kwenye HDD usiifute mpaka gemu imefunguka, imesoma mchezo uliohifadhi, na imekubali sasisho moja kutoka dukani kwake. Sasisho ndilo linaloonyesha kama programu imeitambua njia mpya ya kuandika.